Mdogo Wangu, Aga Ndipo Uhame

Mdogo wangu, najua hali uliyo nayo. Chumba umekipata Sinza, dalali anakupigia kila siku anataka jibu, na furaha imekujaa. Halafu unamsikia mama pale Mbagala akikuita ukale, machozi yanakulengalenga. Usidhani una kasoro. Furaha ya kuwa na funguo zako na uchungu wa kuondoka kwenu hukaa moyo mmoja.

Kinachoniumiza ni namna wengi wenu mnavyoondoka. Mnahamisha nguo kidogo kidogo kwenye begi la kazini, mama anakuja kusikia kwa jirani. Kwa mtoto wa kike ni vibaya zaidi, maana hawakosekani watakaosema umefuata mwanaume, na mama hatakuwa na la kuwajibu. Mweleze mapema, kabla hujatoa kodi ya miezi 3 au 6 kwa mkupuo na ya mwezi mmoja ya dalali, pesa ambayo hairudi. Ukiogopa, mtangulize shangazi. Baba akinuna, mwache anune, ila usimjibu kwa ukali.

Kisha zungumzeni pesa. Kama wewe ndiye unayenunua LUKU na kuchangia mahitaji ya shule ya mdogo wako, sema wazi utaendelea na kipi na kipi kitakushinda. Ugomvi mwingi wa kuhama chanzo chake ni hapo, hata kama kinachotajwa ni heshima. Usiahidi kwa huruma kiasi ambacho mshahara wako haukiwezi.

Siku ya kuhama, nenda na mama. Akione chumba na choo mtakachochangia na wapangaji wenzako, amsalimie mwenye nyumba, wapeane namba za simu. Nawe ujitambulishe kwa mjumbe. Ukiugua usiku, hao ndio wa kwanza kukugongea mlango.

Upweke hauji siku hiyo. Huja jioni fulani, umepika wali wa watu watano kwa mazoea. Piga simu nyumbani, usione haya. Jumapili panda daladala ukale kwenu.

Na nyinyi wazazi mnaosoma kona hii, nawaomba sana: mtoto akiaga, msimwambie amewakimbia. Mwombeeni heri, mpeni sufuria mbili tatu, na mwambieni kwa kinywa chenu kwamba kodi ikimshinda, arudi.