SERAPHINO ANTAO: MTOTO WA MOMBASA ALIYETANGULIA

Ndugu msomaji, uliza darasani ni nani Mkenya wa kwanza kupata nishani ya dhahabu katika Michezo ya Jumuiya ya Madola. Wengi watakujibu, "Kipchoge Keino!" Siye. Ni Seraphino Antao, mtoto wa papa hapa Mombasa, wa jamii ya Wagoa.

Antao alizaliwa mwaka wa 1937. Mbio zake zilikuwa zile fupi, ambazo ukipepesa macho zimekwisha. Mwaka wa 1960 alishiriki katika Olimpiki ya Rome.

Novemba 1962, Kenya ikiwa bado chini ya Mwingereza, alikwenda Perth, Australia. Katika yadi 100, aliyeogopwa zaidi ni Harry Jerome wa Kanada, mmoja wa walioshikilia rekodi ya dunia. Kwenye fainali Jerome aliumia msuli, naye Antao akashinda kwa sekunde 9.5. Mtu angeweza kusema ni bahati tu. Basi akaingia tena uwanjani kwa yadi 220, na hizo pia akashinda!

Hebu tupige hesabu. Yadi 100 ni mita 91.44. Gawanya kwa 9.5, utapata kama mita 9.6 kila sekunde. Yaani ukihesabu moja mpaka kumi, mtu keshakaribia kumaliza uwanja wa mpira, goli hadi goli.

Mwaka wa 1964, Kenya ikiwa huru, Antao ndiye aliyebeba bendera yetu katika ufunguzi wa Olimpiki ya Tokyo. Huko hakupata nishani. Wilson Kiprugut alipata shaba katika mita 800, nayo ikawa nishani ya kwanza ya Kenya katika Olimpiki. Baadaye sifa zetu zikawa za mbio ndefu, na jina la Antao likafifia. Alifariki London mwaka wa 2011. Ilibidi tungoje miaka 60, hadi 2022, ndipo Ferdinand Omanyala akashinda mita 100 katika michezo ile ile ya Madola, mjini Birmingham.

Wahenga walisema, mcheza kwao hutunzwa. Je, huyu tumemtunza? Mimi nilishaambiwa nisijisumbue na mbio, ati sisi wa pwani hatuna milima ya kufanyia mazoezi. Siku hiyo sikuwa na jibu. Sasa ninalo, na wewe msomaji unalo.