Tutembeapo, Simu Ipumzike

Mwezi wa Agosti mwaka 2022 intaneti ilifikishwa Horombo, kituo cha wapandaji katika mlima Kilimanjaro, mahali penye urefu wa meta 3,720 juu ya bahari. Jambo hilo hatulilaumu. Kilele cha mlima ule kina meta 5,895, na mtu azidiwaye na ugonjwa huko juu ahitaji msaada upesi. Simu yaweza kumwokoa. Lakini chombo kifaacho saa ya hatari hakifai kutawala safari nzima.

Wengi wetu hatutapanda Kilimanjaro. Sisi twaenda shambani, ufukoni, au kwa babu siku za likizo, na huko nako simu yatufuata. Mshika mbili, moja humponyoka. Aliyeinamia kioo cha simu hamwoni mwewe angani, wala hamsikii dudumizi, ndege ambaye wazee husema kuwa mlio wake waashiria mvua.

Hasara yake yazidi kupotewa na raha ya siku moja. Majina ya miti, dalili za mvua, kivuko salama na kivuko cha kuogopwa: mambo hayo wazee wetu waliyajua kwa kutembea nyuma ya wakubwa wao, wakiuliza, “Babu, huu ni mti gani?” Swali hilo huletwa na macho yanayotazama. Lisipoulizwa, babu hajibu. Naye akifa, azikwa na jibu lake.

Basi, wazazi, yatupasa kushika mambo matatu. Kwanza, ichukuliwe simu moja tu kwa ajili ya dharura, nayo izimwe na kutiwa mkobani. Pili, wakubwa watangulie kwa mfano, maana baba asomaye ujumbe kila hatua hawezi kumkanya mwanawe akasikilizwa. Tatu, kila mtoto apewe kazi: ajifunze majina ya miti mitatu, na jioni awasimulie waliobaki nyumbani aliyoyaona, pasipo picha.

Bila shaka mtoto atanung’unika mwanzoni kwamba hana la kufanya. Tusifanye haraka kumrudishia simu. Tumwache kidogo, ataokota jiwe, atafuata njia ya siafu, kisha atauliza swali. Saa hiyo mzazi awe karibu, tena asiwe na kitu mkononi.