Mke wa Filamu na Mke wa Nyumbani



Ndugu zangu katika imani, wengi wetu hapa Gisenyi tumekulia kwenye filamu za agasobanuye, Bongo Movie na mipasho ya taarabu. Humo mimi naona wake wa aina mbili. Wa kwanza ni mvumilivu: anapigwa, anasalitiwa, analia jikoni, na mume akirudi mwishoni anampokea. Wa pili ana pesa au elimu, basi lazima aivunje nyumba.

Kucheka si tatizo. Tatizo ni pale anayejiandaa kuposa au kuposwa anapochukua humo kipimo chake. Nimemsikia kijana akisema hataoa msomi kwa kuwa "hashikiki". Nilipomuuliza amemwona wapi msomi wa namna hiyo, alinitajia filamu.

Tupime kwa sira. Bi Khadija (r.a.) alikuwa mfanyabiashara, na Mtume (s.a.w.) alisafiri na mali yake hadi Sham kabla hawajaoana. Mali ile haikuvunja nyumba, ilisaidia da'wa. Mwaka wa 6 Hijria, kule Hudaybiya, masahaba walisita kuchinja na kunyoa. Bi Ummu Salama (r.a.) alimshauri Mtume atoke, asiseme na mtu, achinje na anyolewe. Akafanya hivyo, nao wakamfuata. Bi Aisha (r.a.) naye alipoulizwa Mtume hufanya nini nyumbani, alieleza kuwa huwahudumia watu wake, na wakati wa swala ukifika hutoka kwenda kuswali.

Aya ya 21 ya Surat Ar-Rum inataja utulivu, mapenzi na huruma baina ya wanandoa. Mwenye kunyamaza kwa hofu hana utulivu. Subira ni ibada, lakini kumhimiza mtu asubiri ili aendelee kudhulumiwa ni kuitumia dini vibaya.

Tena tuwaangalie mama zetu wanaovuka mpaka asubuhi kwenda kuuza Goma, na jioni watoto wakala kwa jasho lao. Wengi wao nyumba zao zimesimama. Filamu ngapi zimewaonyesha?

Kazi ya darsa lijalo: kila mmoja aangalie filamu moja, aandike nani anaamua, nani anashauriwa, na nani anaomba msamaha. Kisha ajiulize kama angependa dada yake aishi humo.

Wabillahi tawfiq.