Athumani na Othman ni Mtu Mmoja?

Huku kwetu Bagamoyo jina moja lina sura tatu: Athumani, Othman, Uthman. Nyumbani hakuna anayejali. Shida inakuja ukiomba mkopo wa Bodi: cheti cha kuzaliwa cha RITA kinasema Athumani, cha kidato cha nne Othman. Wengi wanakimbilia mahakamani au kwa wakili kula kiapo. Sawa, lakini jamani, kiapo hakibadili jina; unatamka tu kwamba majina yote mawili ni yako. Ukitaka kuliacha moja kabisa, hapo unahitaji hati ya kubadili jina, nayo isajiliwe kwa Msajili wa Hati. Na wale wa kuapa ili wapunguze umri: kiapo cha uongo ni jinai. Mimi ningeanza kabla dirisha la mikopo halijafunguliwa.