Kuitazama Kamera ya Ghala Ukiwa Mbali: Somo kwa Kamati za Sharika

Katika toleo hili tunapenda kuwashirikisha tuliyojifunza kuhusu kamera ya ghala letu la mbegu kule Handeni, ambayo tunaitazama tukiwa Korogwe. Kamera iko nyumbani kwa mtunza ghala, nayo hupeleka picha kwenye kompyuta ndogo, yaani seva, iliyo sebuleni kwake.

Kwanza ni gharama. Kamera inayotuma megabiti 1 kwa sekunde hula megabaiti 450 kwa saa, yaani zaidi ya gigabaiti 10 kwa siku. Hakuna mfadhili wa kulipia kifurushi cha namna hiyo, wala tusimwombe. Picha zinahifadhiwa palepale, nasi tunafungua tunapohitaji tu.

La pili lilitutia aibu. Laini nyingi za simu hushirikisha wateja wengi anwani moja ya intaneti, hivyo kuingia kutoka nje hushindikana. Sisi tukalipia anwani yetu wenyewe. Fundi akafungua njia kwenye ruta hadi kwenye kamera, akaacha nywila ya kiwandani, nasi hatukuuliza. Baadaye tukakuta kwenye kumbukumbu za kamera kwamba watu tusiowajua wameingia mara kadhaa. Kamera ile ilikuwa inaona pia ua ambapo mama wa nyumba ile huogeshea watoto. Tulikwenda kumwomba radhi. (Mwaka 2016 kirusi kiitwacho Mirai kiliteka kamera na ruta nyingi duniani kwa kujaribu tu nywila za namna hiyo.)

Njia ile tumeifunga. Anwani tumeihamishia ofisini Korogwe, na sasa seva ya Handeni ndiyo inayoanza kupiga hodi kwetu kwa programu ya WireGuard, ambayo hufumba mawasiliano na haimjibu kabisa asiye na ufunguo. Kamera yenyewe haitoki tena kwenye intaneti. Nywila mpya ni ndefu, nayo haibandikwi ukutani!

Kamera tumeigeuza ielekee mlango wa ghala pekee, na tumeweka tangazo getini. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, iliyoanza kutumika tarehe 1 Mei 2023, inataka mtu ajulishwe taarifa zake zinachukuliwa kwa kusudi gani.

Funguo ziko tatu: wa mratibu, wa mhasibu na wa mwenyekiti wa kamati. Kila simu ina wake. Simu ikipotea, ufunguo wake unafutwa siku hiyo hiyo. Mwenyekiti akimaliza muda wake, unafutwa siku ya makabidhiano.