Shehena Inayooza Ikishikwa kwa Kesi

Nyanya hazingoji tarehe ya kesi kutajwa. Aliyekamatiwa matenga mia Jumatatu na kuambiwa arudi baada ya wiki mbili atakuta maji yanachuruzika chini ya turubai, hata kama mwisho wa yote atashinda. Mwongozo huu unawahusu wafanyabiashara, madereva na mawakala wa Tanzania Bara wanaosafirisha samaki, nyama, maziwa, matunda na mboga.

Kabla hujaondoka kituoni, dai stakabadhi ya mali iliyokamatwa. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai inamtaka ofisa aliyekamata aitoe, nawe na mashahidi muitie saini. Isome kwanza. “Samaki magunia kadhaa” si maelezo. Taka iandikwe aina, idadi, uzito na hali ya mali saa ile ilipokamatwa. Fidia utakayodai kesho itahesabiwa kwa karatasi hiyo.

Kisha nenda mahakamani, usingoje upelelezi ukamilike. Maombi hupelekwa yakiwa na kiapo na hati ya dharura. Tangu 2021 Kiswahili ndiyo lugha ya mahakama kisheria, kwa hiyo kiapo kielewe mwenyewe kabla ya kukisaini. Wengi hukijaza malalamiko ya kuonewa, na huko ni kupoteza karatasi: siku hiyo hakimu haamui hatia. Anataka kujua mali ni ya nani, itaharibika lini, na Jamhuri itabaki na nini cha kuthibitishia kesi yake. Hilo la mwisho ndilo wakili wa Serikali atakalolishikilia. Limalize mapema: pendekeza picha, upimaji wa uzito mbele ya pande zote, sampuli, na taarifa ya ofisa uvuvi, mifugo au afya.

Omba kwanza ukabidhiwe mali kwa dhamana ya thamani yake. Kama hilo litashindikana, omba iuzwe na fedha ziwekwe mahakamani hadi hukumu. Mnada wa haraka hauleti bei ya soko, lakini fedha haziozi. Ikiwa mali yenyewe ndiyo haramu, mfano nyamapori isiyo na kibali, usiombe urudishiwe; angalia inavyoteketezwa.

Hapo uwepo wako ni haki. PGO namba 229 aya ya 25, maelekezo ya polisi wenyewe, inataka kielelezo kinachooza kipelekwe mbele ya hakimu pamoja na mtuhumiwa, na kipigwe picha inapowezekana. Mwaka 2019 Mahakama ya Rufani ilikataa kutegemea fomu ya uteketezaji kwa sababu mshtakiwa hakufikishwa mbele ya hakimu kusikilizwa. Ukiachwa mahabusu wakati fomu inajazwa, liseme hilo mara ya kwanza unapopanda kizimbani, na uombe liandikwe kwenye mwenendo.

Wanaodhani hayo ni makaratasi tu wawakumbuke “samaki wa Magufuli”. Meli ya Tawariq 1 ilikamatwa Machi 2009 ikiwa na samaki karibu tani 300, wakagawiwa taasisi za umma kesi ikiendelea. Mwaka 2014 Mahakama ya Rufani ilifuta mwenendo na hukumu. Samaki walishaliwa zamani.

Forodha wana njia yao. Chini ya sheria ya forodha ya Jumuiya ya Afrika Mashariki ya 2004, Kamishna anaweza kuagiza mali inayooza iuzwe mara moja, na fedha zikashika nafasi ya mali. Wewe una mwezi mmoja tu wa kudai kwa maandishi, tangu kukamatwa au tangu tarehe ya notisi. Ukipita, mali au fedha hizo ni za Serikali.

Amri ya kuachia ikitolewa, chukua nakala yenye muhuri siku hiyohiyo, maana mtunza vielelezo hatoi mali kwa maneno. Pimeni tena uzito mkiwa pamoja naye. Kilichopungua kiandikwe na kutiwa saini kabla lori halijatoka getini.