UDUGU WA SALMAN NA ABU DARDAA

Sifa zote njema ni za Mwenyezi Mungu, na rehema na amani zimshukie Mtume wetu Muhammad, na jamaa zake na Sahaba zake. Ama baada ya hayo:

Ndugu msomaji, Mtume (s.a.w.) alipohamia Madina mwaka wa 622, katika mambo ya mwanzo aliyoyafanya ni kuwaunga Waislamu udugu, mtu na mwenziwe. Muhajirina walikuwa wameacha Makka nyumba zao, mali zao na jamaa zao. Njaa ya mgeni huondoka kwa tonge, lakini ugeni wenyewe hauondoki kwa tonge. Mgeni ahitaji mtu atakayemkosa asipoonekana. Kwa hiyo Mtume (s.a.w.) hakutosheka na kuwaamrisha wenyeji watoe sadaka, alimpa mgeni ndugu, ajulikanaye kwa jina lake na kwa mlango wake.

Udugu wa namna hii uliendelea kufungwa hata baada ya miaka ile ya mwanzo, na mmoja wapo ni huu wa Salman na Abu Dardaa (r.a.). Na tuwatazame watu hawa wawili.

Salman alikuwa mtu wa Uajemi, mwana wa mkubwa wa kijiji, aliyelelewa katika dini ya kuabudu moto. Aliiacha nyumba ya baba yake kwa kutafuta haki, akaenda Sham, akawatumikia watawa wa Kinasara mmoja baada ya mmoja. Kisha watu aliosafiri nao wakamdhulumu, wakamwuza utumwani, akapita mikononi mwa mabwana wengi mpaka akafika Madina. Vita vya Badri na Uhud vyote vilimpita naye ni mtumwa wa mtu. Akaandikiana na bwana wake ajikomboe kwa kupanda mitende 300 na kulipa wakia 40 za dhahabu, na Waislamu wakamsaidia mpaka akawa huru. Hakuwa na kabila Uarabuni, wala ami, wala mjomba, na Kiarabu kwake kilikuwa lugha ya kujifunza.

Abu Dardaa alikuwa Mwarabu wa Khazraj, mwenyeji wa Madina hasa. Alikuwa mfanyi biashara, ana nyumba na mke. Aliposilimu aliona biashara yamshughulisha na ibada, akaiacha, akajitia katika kufunga na kusali.

Basi Bukhari amepokea kwa Abu Juhaifa kwamba siku moja Salman alikwenda kumzuru nduguye, akamwona Ummu Dardaa yu katika nguo za kazi, hakujitengeza. Akamwuliza ana nini. Akamjibu kuwa nduguye huyo hana haja tena na mambo ya dunia. Abu Dardaa akaja, akamwandalia mgeni chakula, naye mwenyewe akasema amefunga. Salman akakataa kula ila wale pamoja, Abu Dardaa akafungua saumu yake ya sunna, akala. Usiku ulipoingia akataka kusimama kusali. Salman akamwambia alale. Akataka tena, akamwambia alale. Ilipofika sehemu ya mwisho ya usiku Salman akamwamsha, wakasali wote wawili. Kisha akamweleza kuwa Mola wake ana haki juu yake, na nafsi yake ina haki, na mkewe ana haki, basi ampe kila mwenye haki haki yake. Asubuhi Abu Dardaa akampelekea Mtume (s.a.w.) habari hiyo, na Mtume akamsadikisha Salman.

Wengi wetu twaisoma hadithi hii kwa ajili ya hukumu ya saumu ya sunna na wastani katika ibada, na hayo ni kweli yamo. Lakini yamo na mengine.

La kwanza: katika nyumba ile mpweke hakuwa Salman peke yake. Mwenye nyumba alikuwa ameketi peke yake na ibada yake, na mkewe yu peke yake upande wa pili wa ukuta. Jirani hawakuliona jambo hili, au waliliona wakanyamaza. Aliyeliona ni mgeni, ajuaye upweke kwa kuuonja. Wazee wetu wamesema, “Mgeni njoo, mwenyeji apone.”

La pili: Salman alikuwa na haki ya kusema. Mtu aliyekuwa mtumwa jana anamwamrisha mwungwana wa Khazraj nyumbani mwake, naye anamtii! Udugu usiompa mgeni ulimi haujawa udugu. Ni hisani tu.

La tatu: udugu huo ulidumu. Baadaye Abu Dardaa alikaa Sham, akawa kadhi, na Salman akakaa Iraq. Malik ametaja katika Muwatta kuwa Abu Dardaa alimwandikia Salman amwite katika nchi takatifu. Salman akamjibu kuwa nchi haimtakasi mtu, mtu hutakaswa na amali yake. Akamtahadharisha na hatari ya kazi ya kuhukumu. Abu Dardaa hakuudhika. Ikawa akishahukumu baina ya watu wawili, nao wamekwisha mpa mgongo, huwaita warudi wamweleze tena kesi yao.

Sasa na tujitazame sisi watu wa pwani. Utumwa ulifutwa kisheria katika pwani yetu mwaka wa 1907, lakini hata leo kijana akipeleka posa kuna wanaouliza babu yake alikuwa nani, ilhali Kurani katika Suratul Hujurat, aya ya 13, imekwisha tueleza kuwa mbora wetu ni mcha Mungu wetu. Mtu wa bara husilimu msikitini petu siku ya Ijumaa, tukapiga takbiri, tukamkumbatia, tukampa kanzu na kofia. Jumamosi ni nani katika sisi ajuaye chumba alichopanga? Jamaa zake wamemtenga kwa kusilimu, na sisi tumemwacha kwa kutomjua. Mwezi wa Ramadhani hufungua kwa maji na mkate peke yake, na harufu ya mapochopocho yetu yamfikia dirishani. Kisha akirudi alikotoka twasema imani yake ilikuwa dhaifu!

Na kwa upande mwingine, ni wazee wangapi wa mji, wenye nasaba na majumba ya ghorofa, ambao watoto wao wako Ughaibuni, na mlango wao haubishwi ila na mwenye kuleta bili ya maji? Huyu na yule wasali safu moja, wakatoa salamu kulia na kushoto, kila mmoja akaenda zake kwenye upweke wake.

Dawa yake haihitaji chama wala mchango. Kila mmoja wetu amchague mtu mmoja asiyekuwa wa kabila lake wala wa mtaa wake, ajue jina lake na mlango wake, ale naye, na asipomwona alfajiri aende akamtazame. Na akikosolewa na mtu huyo, asimwulize yeye ni nani hata amkosoe.

Mwenyezi Mungu atuunge nyoyo zetu kama alivyoziunga nyoyo zao. Amin.